Relei Yenye Rangi ya Kucha

Kila asubuhi mtaa mzima ulimsukuma Mama Trei. Yeye huketi kwenye usukani, kilemba amekikaza, trei za mayai zimepangwa kiti cha nyuma na kufungwa kwa kamba. Nyuma ya gari husimama muuza mkaa, mwalimu wa chekechea na yeyote mwingine aliyepita njia hiyo akiwa na mikono miwili. "Haya, sukumaaa!" Gari linatambaa, linapata mwendo, mama anaachia klachi, gari linakohoa, linashtuka kama mtu aliyemwagiwa maji, linawaka. Mayai nyuma yanagongana. Muuza mkaa, ambaye mdomo wake haukuwahi kufunga duka, anapaza sauti:

"Mama Trei! Na kuku wako wakigoma kutaga, tuje tuwasukume?"

Watu wanacheka. Mama Trei naye anacheka, maana ukisukumwa na watu huna ubavu wa kuwanunia. Lakini moyoni anatokota. Likishawaka hathubutu kulizima. Kila anaposimama kushusha trei analiacha linaunguruma, moshi unaingia kwenye nyumba za wateja, na wateja wanakunja pua. Mwenye mgahawa mmoja alimwambia waziwazi, "Mama, mayai yako ni mazuri, ila wanaokula hapa wanadhani nakaanga matairi."

Kabla ya gari, Mama Trei alibeba trei kichwani. Aliijua kila barabara ya mji ule kwa nyayo zake, na shingo yake ilijua kila tuta. Mumewe alikuwa dereva wa lori, mtu mkimya, na siku alipopata gari dogo kuukuu alimpeleka mkewe uwanja wa mpira akamfundisha. Mama akikosea gia, mume hasemi kitu, anashika kichwa tu. Alishika kichwa mara nyingi. Lakini mwisho mama aliendesha, na mayai yakafika mitaa ambayo kichwa kisingeyafikisha. Alipiga honi mara mbili fupi, madirisha yakafunguka, watu wakatoka na bakuli.

Mume yule alikuwa na tabia moja iliyomchekesha mkewe. Hakuwaamini mafundi. Alikuwa akisema kwamba gari likilala gereji, vifaa vyake huota miguu. Basi siku moja alinunua chupa ya rangi ya kucha, nyekundu kama damu ya mzee. Mkewe akafurahi, akanyoosha mkono. Mume akampaka kidole kimoja, cha kumridhisha, kisha akaenda nayo kwenye gari. Kila fyuzi, kila relei, kila kifuniko kinachochomoka alikitia nukta nyekundu upande wa chini, mahali ambapo jicho halifiki. Mama alibaki na kidole chake kimoja chekundu kama mtu aliyechovya kwenye mchuzi.

Mume alifariki. Gari likabaki. Na shemeji akaingia.

Shemeji huyu ndiye mdogo wa marehemu, na ndiye fundi mkuu wa gereji iliyo nyuma ya mashine ya kusaga. Ni mtu wa maneno laini. Bomba la maji la gari lilipoanza kuvuja, Mama Trei hakufikiria mara mbili, alilipeleka gari kwa shemeji yake. Angepeleka wapi kwingine? Gari likalala pale siku kadhaa likisubiri bomba. Lilirudi bomba likiwa zima kabisa, halivuji hata tone. Ila tangu siku hiyo, akizungusha ufunguo, husikia kitu kidogo kikisema "tak" ndani ya boneti, kisha kimya. Anazungusha tena. Tak. Kimya.

Shemeji alikuja akasikiliza akiwa ameegemea mlango, mikono mfukoni.

"Umesikia inavyogonga, shemeji? Hiyo ni relei ya stata. Ikigonga hivyo ni nzima. Kwa hiyo iliyokufa ni stata yenyewe, ile mota ya kuwashia injini. Na ukiniuliza mimi, si stata peke yake, nyaya zote za humu zimeoza."

"Si lilikuwa linawaka kabla sijalileta kwako?"

"Gari ni kama mzee, shemeji. Leo anatembea, kesho hainuki." Akatikisa kichwa kwa huzuni. "Hili limechoka. Ni gari la marehemu kaka, tusiliache lifie njiani tukachekwa. Nina mtu analitaka hivyo hivyo lilivyo."

Maneno hayo yalifika kwa mama mkwe kabla hata shemeji hajafika kwake. Wakaitana, wakakaa, na ikaamuliwa katika kikao ambamo Mama Trei alipewa kiti cha karibu na mlango: kama mpaka Jumamosi gari halijawaka kwa ufunguo wake, mnunuzi aje alichukue. Mama mkwe alisema, "Mwanangu, usukani si wa mjane. Utarudia kubeba kichwani, mbona zamani ulibeba?" Akasema kwa upole kabisa, kana kwamba shingo huwa haizeeki. Mama Trei alitazama chini. Alikubali, kwa sababu wote walikuwa wamekwisha kubali na yeye alikuwa peke yake.

Njiani kurudi ndipo alipokasirika. Kuna watu hasira yao huja kama radi. Ya Mama Trei huja kama maziwa jikoni: unayaangalia yametulia, unageuza uso kidogo, yamemwagika. Alifika nyumbani akawatupia kuku pumba kwa nguvu mpaka jogoo akaruka ukutani.

"Stata imekufa!" aliwaambia kuku. "Yeye ameiona wapi? Hata boneti hakufungua!"

Hilo ndilo lililomkaa kooni. Mtu amehukumu gari bila kufungua boneti.

Jirani yake ukuta kwa ukuta alikuwa fundi redio, mwanamume mwembamba aliyeitwa Mzee Waya, mwenye chumba kilichojaa redio zilizofumuliwa matumbo. Ijumaa asubuhi Mama Trei alimgongea.

"Jirani, njoo unitazamie gari."

"Mimi?" Mzee Waya akarudi nyuma hatua. "Gari? Mama, mimi hata baiskeli inanitisha. Nenda kwa shemeji yako."

"Ndiko nilikotoka."

Mzee Waya akamtazama usoni, akaona pale hapana mzaha. Akachukua bisibisi, vipande vya waya na kibalbu kidogo. "Haya. Lakini likinilipukia, wewe ndiye utakayemweleza mke wangu."

Alianza kwa kukosea, na alikosea kwa kujiamini sana. "Hii ni betri," alitangaza hata kabla ya kuketi. Mama Trei akawasha taa za mbele, zikang'aa ukutani nyeupe. Akabonyeza honi, ikalia mpaka muuza mkaa akaitikia "Naam!" kutoka upande wa pili wa barabara.

"Betri ni nzima," Mzee Waya alikiri. "Betri ikifa, honi hulia kama mbuzi mwenye mafua."

Wakafungua boneti. Kando ya betri palikuwa na kisanduku cheusi, na ndani ya kifuniko chake michoro midogo: taa, feni, tarumbeta, na duara lililoandikwa jina la stata. Mzee Waya alivaa miwani, akaweka ncha ya kidole juu ya kidude cheusi cha mraba kilichokaa mahali palipoonyeshwa na lile duara.

"Weka gia huru. Vuta breki ya mkono. Haya, zungusha ufunguo."

Tak.

"Imegonga. Nimeisikia kwenye kidole." Akakuna kidevu. "Shemeji yako hajadanganya hapo."

"Kwa hiyo stata imekufa?" Sauti ya mama ilishuka.

"Subiri bwana. Mimi stata siijui, ila hiki kidude nakijua, hata kwenye mitambo yangu kimo. Kuna njia ya kivivu ya kukipima. Unaona huyu wa honi? Ni pacha wake. Miguu ile ile, namba zile zile. Tuwabadilishane viti."

Akachomoa relei ya stata kwa kuitikisatikisa, akachomoa ya honi, akaiweka ya honi kwenye kiti cha stata na ya stata kwenye kiti cha honi. "Zungusha."

Mama Trei akazungusha. Gari likawaka papo hapo, bila kikohozi, bila kusukumwa, kama lililokuwa likingoja kuulizwa vizuri. Mama akakaa ameshika usukani kwa mikono miwili. Halafu, polepole, akabonyeza honi. Tak. Kimya. Hakuna honi.

"Ndiyo hiyo!" Mzee Waya akaruka kama ameshinda bahati nasibu. "Ugonjwa umehamia kwa honi! Stata yako ni nzima, mama, nyaya zako ni nzima, mgonjwa ni huyu mdogo peke yake!"

"Mbona inagonga?"

Mzee Waya akaichomoa ile mbovu, wakaingia chumbani kwake kupima vizuri. Akaiweka ile relei mezani katikati ya redio, akaunga waya za betri ndogo kwenye miguu miwili. Tak. Akaiachia, akaunga tena. Tak. "Humu kuna koili. Ikipata umeme inageuka sumaku, inavuta kibati, kibati kinagonga kingine. Hiyo ndiyo sauti unayoisikia. Vibati vikigusana, umeme mkubwa unapita kwenda kwa stata. Sasa tazama." Akaunga kibalbu kwenye miguu mingine miwili. Tak, ikasema relei. Kibalbu kikabaki kiza. "Umeona? Kugonga mlango si kufunguliwa."

Akaibandua ganda kwa bisibisi. Vile vibati viwili vilikuwa vimeungua, vyeusi kama utambi wa taa.

"Nunua mpya," alisema. "Dukani zimejaa. Chomeka, yaishe."

Lakini Mama Trei alikuwa ameliokota lile ganda na kuligeuza chini juu. Akaligeuza tena. Akatoka mbio mpaka kwenye gari, akazima, akachomoa ile relei ya honi, akaitazama tumboni. Nukta nyekundu. Akachomoa relei ya feni. Nukta nyekundu. Fyuzi moja, fyuzi ya pili, kifuniko cha maji: nyekundu, nyekundu, nyekundu. Akarudi chumbani na lile ganda tupu, kifua kinapanda na kushuka.

"Jirani, hii si yangu."

"Relei haina mwenyewe, mama."

"Za mume wangu zinaye!" Akalipiga ganda mezani mpaka bisibisi ikadondoka. "Mtu amechomoa yangu nzima, akanichomekea mfu wake. Kisha akaja kwangu, mikono mfukoni, akanipa pole ya gari!"

Mzee Waya akaiokota bisibisi. Kuna wakati mwanamume mwenye akili hujishughulisha na bisibisi yake.

Jumamosi hakusukumwa, maana relei ya honi ilikuwa bado kwenye kiti cha stata. Muuza mkaa alitoka kama kawaida akikunja mikono ya shati, mama akazungusha ufunguo, gari likawaka mbele ya pua yake. "Aa! Na sisi tutafanya mazoezi na nani?" alilalamika. Mama Trei hakumjibu. Alipita mitaa yake yote bila honi, madirisha yamefungwa, hakuna aliyejua kama kapita, na hata trei moja haikushuka. Kila dirisha lililofungwa lilimwongezea kuni. Alikwenda moja kwa moja mpaka nyuma ya mashine ya kusaga.

Uani palikuwa na magari yamepandishwa juu ya matofali, mengine bila milango, mengine bila macho. Shemeji alikuwa amesimama na mnunuzi, mtu mnene mwenye kofia, wakinywa chai. Kando, mpaka rangi wa gereji alikuwa akisugua mlango kwa msasa. Mama Trei alipoingia akiendesha, kikombe cha shemeji kilisimama njiani kati ya sahani na mdomo.

"Shemeji! Limewaka? Nani amekusukuma?"

"Ufunguo."

"Basi afadhali," shemeji akasema haraka, akimgeukia mnunuzi. "Huwa linafanya hivyo. Leo linawaka, kesho..."

"Shemeji, relei yangu ya stata iko wapi?"

"Si iko kwenye gari?"

Mama akafungua kiganja. Lile ganda na vibati vyake vilivyoungua. "Hii ndiyo niliyoikuta. Yangu ina alama. Kaka yako alizitia alama zote, kwa rangi ya kucha, tumboni. Nataka kuangalia magari ya hapa."

"Rangi ya kucha?" Shemeji akacheka, akawatazama wengine ili wacheke naye. "Mnasikia? Gereji imegeuka saluni!"

Mpaka rangi hakucheka. Aliacha kusugua. "Bosi, ile pikapu yako si nayo ilikuwa inagoma kuwaka? Ikapona wiki ile ile ya lile bomba la maji."

"Wewe sugua mlango!"

"Nasugua, bosi. Nilikuwa naulizia afya tu."

Mama Trei alikwisha fika kwenye pikapu. Shemeji akamkimbilia, akaweka mkono juu ya boneti. "Shemeji, usinivunjie heshima mbele ya watu. Mimi ni kama mumeo hapa."

"Mume wangu angefungua," alisema. "Toa mkono."

Mnunuzi akakohoa. "Fungua tu bwana. Kama ni safi, si ni safi?"

Boneti ikafunguliwa. Mama Trei hakuhitaji mchoro tena, mikono yake ilikwisha jifunza. Akaitikisa relei ya stata kulia, kushoto, akaivuta, akaipindua. Nukta ilikuwa pale, imepauka kidogo kwa joto, lakini nyekundu.

Mnunuzi akainama kuitazama. Mpaka rangi akaweka msasa chini.

"Tuliazima," shemeji alisema mwisho. "Ndiyo kazi yetu hapa, shemeji, muulize yeyote. Gari linalolala linamwazima linalotoka. Siku ile nilikuwa na safari, pikapu imegoma, lako limelala linangoja bomba. Nikaazima, nikaweka yangu pale ili nafasi isikae wazi. Nilikuwa nirudishe. Nikasahau. Wallahi nikasahau!"

Na kibaya zaidi ni kwamba alikuwa akisema kweli. Mama Trei aliliona hilo usoni mwake. Hakukuwa na njama. Angekuwa mwizi, angalau angekuwa amemfikiria kidogo kabla ya kumwibia. Huyu hakumfikiria kabisa. Alichomoa kama mtu anavyochuma jani njiani, akasahau, na gari lilipokufa hakujiuliza, hakufungua boneti, akaenda moja kwa moja kulitafutia mnunuzi.

"Umesahau," alisema. "Mimi nasukumwa kila asubuhi kama toroli la mchanga, nachekwa na muuza mkaa, nafukuzwa migahawani kwa moshi, na wewe unawasha kwa kidole unakwenda zako. Unakaa kikaoni kwa mama, unasema gari la kaka limechoka. Limechoka! Na uhai wake uko kwenye pikapu yako, nje, mlangoni kwa mama yako! Mngenirudisha kubeba kichwani kwa sababu umesahau?"

"Shemeji, mbona unakuza jambo? Kidude kidogo hiki..."

"Kama ni kidogo, bakia na chako." Akamwekea lile ganda na vibati vyake kwenye sahani ya kikombe.

Akaenda kwenye gari lake, akarudisha relei ya honi kwenye kiti chake, akaipachika ile ya stata kwenye chake mpaka ikakaa sawasawa. Akawasha. Likawaka. Akabonyeza honi, ndefu, ndefu kupita kiasi, mpaka watu wa mashine ya kusaga wakachungulia na unga kwenye nyusi.

Mnunuzi alisogea kwenye dirisha, kofia mkononi. "Mama, kumbe gari halina ubovu wowote. Sasa ndiyo nalitaka zaidi."

"Baba, haliuzwi. Nisogezee guu lako nisije nikalikanyaga."

Ungedhani mambo yaliishia hapo. Jumapili aliitwa kwa mama mkwe. Shemeji alikuwa ameketi kochini na macho ya mtu aliyefiwa, maana pikapu yake ilikuwa imelala uani kwake tangu jana na wafanyakazi wake walikuwa wamekwisha mpa jina la kumcheka. Mama mkwe alianza mbali, akazungukia kwenye subira, akapitia kwenye undugu, mwisho akatua.

"Kukosea alikosea. Lakini yeye ni mwanamume, na ana watu chini yake. Umemwaibisha. Muombe radhi, yaishe."

"Mama, yeye ameniomba?"

"Si amesema alisahau?"

"Kusahau si kuomba radhi."

"Mwanangu, moto hauzimwi kwa moto."

"Najua, mama. Lakini hapa aliyeungua ndiye mnayemwambia apulize." Akasimama. Safari hii hakungoja kupewa ruhusa, na kile kiti cha karibu na mlango kikamfaa, maana mlango ulikuwa hatua moja. "Gari halitauzwa, na gereji yake sikanyagi tena. Nikikosea kwa hilo, Mungu ananiona. Ila radhi siombi."

"Mkaidi!" mama mkwe alisema.

"Ndiyo, mama."

Shemeji hakuinua uso. Kama angesema neno moja tu, hata "pole", Mama Trei angeketi tena, alikwisha jiambia hivyo akiwa njiani. Alisubiri mlangoni kidogo. Neno halikuja. Akatoka.

Jumatatu asubuhi alipakia trei, akafunga kamba, akazungusha ufunguo. Kule kwenye mgahawa alizima gari kabisa kwa mara ya kwanza tangu lile bomba, akateremsha mayai kwenye hewa safi. Mwenye mgahawa akayapokea, akamtazama.

"Gari limepona, mama. Mbona bado umenuna?"

"Gari limepona," Mama Trei alisema. "Mimi bado sijamaliza kukasirika. Pokea trei yako, wengine wananingoja."